Habari za Ngege na Nyavu katika Ziwa Viktoria

Katika mkutano wetu mkuu wazee kadhaa walisimama, mmoja baada ya mwingine, wakauliza swali lile lile: ngege alikwenda wapi, na ni nani aliyemmaliza? Vijana wakajibu upesi kwamba aliliwa na mbuta. Wazee hawakuridhika na jawabu hilo, na sisi tulioagizwa na Kamati kuandika kurasa hizi twaona ya kuwa walikuwa na haki ya kutoridhika. Mbuta alimkuta ngege amekwisha kuwa mgonjwa.

Yafaa tukumbushane kwanza kwamba ngege tunayemsema si yule anayeuzwa leo hotelini kwa jina hilo. Samaki wa siku hizi ni nyamami, mgeni aliyeletwa ziwani katika miaka ya 1950. Ngege wa baba zetu alikuwa samaki mwingine, naye alikuwa wa ziwa hili na maji yaliyo jirani nalo. Jike lake huatamia mayai kinywani, na hata vifaranga wakitishwa hurudi mle mle kujificha. Kwa hiyo hazai wengi kwa mara moja, na avuliwapo mama kabla ya wakati wake, nyumba nzima huvuliwa pamoja naye.

Kabla ya nyavu za kigeni watu walivua kwa matundu ya kusuka, kwa ndoana, na kwa kokoro la mafunjo lililovutwa ufukoni. Mitoni palikuwa na kek, yaani uzio wa fito uliokatisha mto na kuachiwa milango ya mitego. Kek ilikuwa na wenyewe. Mtu hakujiendea tu akategua mtego wa jamaa nyingine. Hatusemi kwamba wazee wale walikuwa malaika wasiopenda shibe. Twasema tu kwamba vyombo vyao vilikuwa na kikomo, na mto ulipofurika maji yaliupita uzio, na samaki wakapita nayo.

Reli ilifika Kisumu mwaka 1901, na soko likaja nayo. Mwaka 1905 zikaletwa nyavu za kitani katika ghuba ambayo leo twaiita Winam. Mtego huo ulikuwa mwepesi kuutumia na ulileta fedha za kodi na karo, basi ukaenea haraka. Haikupita miaka ishirini na mitano ila wavuvi walikuwa wakilia kwamba wavu mmoja haupati tena kama zamani, hasa karibu na Kisumu. Serikali ikamwita mtaalamu, Bwana Michael Graham, aliyelichunguza ziwa miaka ya 1927 na 1928. Shauri lake lilikuwa wazi: macho ya wavu yasipungue inchi 5, ili ngege mchanga apite akazae kwanza, tena ziwa zima liwe na mamlaka moja, kwa kuwa samaki hajui mpaka wa nchi.

Sheria ya inchi 5 ilitungwa katika miaka ya 1930. Mamlaka ya ziwa zima ilichelewa mpaka mwaka 1947, pamoja na kituo cha uchunguzi kule Jinja. Hapa ndipo inapotupasa kusema lisilopendeza. Sheria ile ilikuwa njema, lakini ililetwa na Bwana Samaki mwenye askari, wala haikuletwa na wazee wa pwani. Kwa hiyo kuivunja kulionekana kuwa ujanja, si kosa. Nyavu za macho madogo zilifichwa katika nyumba zetu wenyewe. Nailoni ilipokuja katika miaka ya 1950, isiyooza wala kuchoka, mambo yakaharibika zaidi. Uganda na Tanganyika zilifuta sheria hiyo mwaka 1956, na Kenya ikafuata mwaka 1961, kwa kuwa haikuwezekana tena kuisimamia. Basi tukavua mama, kisha watoto.

Kisa cha ningu ni kifupi, na kinauma zaidi. Samaki huyu hupanda mitoni wakati wa mafuriko ili kutaga, katika Nzoia, Yala, Nyando na Sondu. Nyavu zilitegwa katika vinywa vya mito hiyo, zikamngoja mlangoni akiwa bado na mayai tumboni. Kufikia miaka ya 1960 ningu wa Nzoia walikuwa wamepungua mno, na hapo hatuna mbuta wa kumsingizia.

Mbuta alianza kuingizwa upande wa Uganda katika miaka ya 1950, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 akaongezwa kwa idhini ya serikali, hata Kisumu. Mwaka 1960 mtaalamu mmoja, Bwana Geoffrey Fryer, alikuwa ameandika kulipinga shauri hilo, hakusikilizwa. Miaka ishirini ilipita kimya. Kisha katika miaka ya 1980 mbuta alijaa kila mahali, na fulu wadogo, ambao walikuwa mamia ya aina, wakatoweka kwa wingi.

Hata hivyo haki itendeke. Mbuta alijenga nyumba za mabati na kulipa karo, na wako wasomaji wa kitabu hiki waliosomeshwa naye. Lakini minofu ilikwenda viwandani na ng'ambo, na mama zetu waliozoea kununua ngege mzima wakabaki kugombea mgongo wazi. Mafuta ya mbuta hayamruhusu kukauka juani kama ngege. Sharti akaangwe au abanikwe kwa moshi, na miti ya pwani ililipa gharama hiyo.

Mwaka 1994 nchi tatu zilitia sahihi mapatano mjini Kisumu ya kulitunza ziwa kwa pamoja, miaka zaidi ya sitini baada ya shauri la Bwana Graham. Mwaka 2007 kanuni za Kenya zikawapa wavuvi wa kila pwani kamati yao yenye madaraka. Kufungwa kwa uvuvi wa omena kuanzia Aprili hadi mwisho wa Julai kunanung'unikiwa kila mwaka, lakini pale kamati ya pwani inapoheshimiwa, mashua hukaa nchi kavu. Mabwawa ya mwaka 2009, yaliyopangwa 200 kwa kila jimbo la uchaguzi, mengi yalikauka kwa kukosa vifaranga na chakula. Kuchimba shimo si kufuga.

Ngege wa kweli hajaisha kabisa. Amebaki katika maziwa madogo, na mojawapo ni Kanyaboli, ndani ya mafunjo ya Yala, ambako mbuta hakustawi. Lakini mafunjo hayo yamekuwa yakikatwa ili kupanua mashamba, na Kamati imeazimia kulileta jambo hili mbele ya wanachama katika mkutano ujao. Kabla ya siku hiyo twawaomba wazee wanaokumbuka mahali zilipokuwa kek za jamaa zao, na miezi ambayo ningu walipanda, wampelekee Katibu habari hizo kwa maandishi, au wamwite kijana awaandikie.