Ndara za mitindo: Ukaguzi wa muuzaji ndio kinga ya mnunuzi

Mwenye duka la viatu katika soko la Ikonge, Kaunti ya Nyamira, ndiye mkaguzi wa mwisho wa ndara kabla haijavaliwa. Kiwandani imepitia mikononi mwa fundi, bandarini imepitia kwa mawakala, na Nairobi imepitia kwa muuzaji wa jumla. Ikimfikia yeye ikiwa na kasoro naye asiitambue, anayeumia ni mteja aliyetoa fedha zake kwa nia njema.

Ndara za mitindo ni zile zinazonunuliwa hasa kwa sura yake: za mikanda yenye shanga na vito vya bandia, za bizimu zenye rangi ya dhahabu, na zile zilizoinuliwa kwa soli nene au kisigino. Akala iliyokatwa kutoka gurudumu la gari haimfichi mtu kitu, kwani raba na misumari yake huonekana wazi. Ndara ya mtindo ni kinyume chake. Uzuri wake uko juu, ilhali udhaifu wake umefichwa chini ya gundi, rangi na kitambaa.

Ikonge iko Nyamira Kaskazini, kwenye barabara inayounganisha Chebilat na Chabera. Hii ni nchi ya miteremko, mashamba ya chai na mvua nyingi. Ndara inayofaa kwa sakafu kavu ya jengo la mjini huenda ikamwangusha mama anayeshuka mteremko wenye tope akitoka ibadani. Kwa sababu hiyo, mfanyabiashara wa huku hana budi kuwa mkali kuliko mwenzake wa mjini anapochagua bidhaa.

Sheria yasemaje

Wafanyabiashara wengi hudhani kwamba wajibu wa ubora ni wa kiwanda pekee. Sivyo. Kifungu cha 46 cha Katiba ya 2010 kinampa kila mtumiaji haki ya kupata bidhaa zenye ubora unaofaa, kupewa habari anazohitaji ili kunufaika nazo, kulindiwa afya na usalama wake, na kulipwa fidia anapopata hasara kutokana na kasoro. Sheria ya Ulinzi wa Watumiaji ya 2012 ilitungwa ili kuipa haki hiyo nguvu. Mteja aliyeuziwa Ikonge hamjui mwenye kiwanda ng'ambo. Anamjua aliyempa kiatu na kupokea fedha.

Sheria hizo pia humfaa mwenye duka anapokuwa mnunuzi. Chini ya Sheria ya Uuzaji wa Bidhaa (Sura ya 31), mtu akiuziwa kwa kuonyeshwa sampuli, shehena nzima sharti ilingane na sampuli hiyo, na mnunuzi apewe nafasi ya kutosha ya kulinganisha. Anayeonyeshwa pea moja nzuri Eastleigh au Kamukunji, kisha akapelekewa gunia la kitu kingine, hajapatwa na bahati mbaya tu. Amevunjiwa masharti ya mauzo, mradi awe na ushahidi.

Ipo vilevile Sheria ya Kupambana na Bidhaa Ghushi ya 2008. Ndara yenye jina la kampuni maarufu ambayo kampuni hiyo haikuitengeneza ni bidhaa ghushi, hata ikiwa imara. Anayepatikana na hatia kwa mara ya kwanza anaweza kufungwa hadi miaka mitano, au kutozwa faini isiyopungua mara tatu ya bei ya rejareja ya kila bidhaa. Kuuza ni kosa sawa na kutengeneza. Kwa mwenye mtaji mdogo, gunia moja la viatu vya aina hiyo latosha kulifunga duka.

Alama na vyeti

Shirika la Kukadiria Ubora wa Bidhaa (KEBS), lililoanzishwa 1974 chini ya Sheria ya Viwango (Sura ya 496), ndilo lenye mamlaka ya kuweka viwango na kutoa alama za ubora. Bidhaa iliyotengenezwa nchini na kutimiza masharti huwekwa alama ya ubora yenye nambari ya kibali. Kwa bidhaa kutoka nje, mpango wa kuzikagua katika nchi zinakotoka kabla ya kusafirishwa ulianza 2005, na shehena iliyopita hupewa cheti cha ulinganifu.

Alama peke yake si ithibati, kwani karatasi huchapishwa na yeyote mwenye mashine. Njia ya kuhakikisha ni kutuma ujumbe mfupi wa simu kwa 20023 ukiandika SM, alama ya #, kisha nambari ya kibali. Jibu likitaja kampuni nyingine au bidhaa nyingine, usinunue. Kwa viatu vilivyoagizwa kutoka ng'ambo, mwombe muuzaji wa jumla nakala ya cheti cha shehena. Aliyelipa ushuru na kukaguliwa ipasavyo hana sababu ya kukasirishwa na ombi hilo.

Tahadhari kubwa zaidi inahitajika kwa bidhaa zinazoingia kupitia mipaka ya nchi kavu, kama vile Isebania, bila stakabadhi zozote. Bei yake huwa ya kuvutia. Wahenga walisema rahisi huvunja upishi.

Kemikali zisizoonekana

Mguu ndani ya ndara hauna soksi. Ngozi ya mwili hugusana moja kwa moja na mkanda, rangi, gundi na chuma, nao unyevu wa jasho au mvua huzitoa kemikali zilizomo. Mambo manne yafaa kufahamika.

La kwanza ni kromu. Ngozi nyingi za viatu hulainishwa kwa chumvi za kromu, ambazo zikitumiwa vizuri hazina madhara makubwa. Kazi ikifanywa vibaya, hugeuka kuwa kromu ya aina ya sita, inayosababisha mzio na vipele. Umoja wa Ulaya, tangu Mei 2015, umepiga marufuku vitu vya ngozi vinavyogusa mwili vyenye zaidi ya miligramu 3 za kemikali hiyo kwa kila kilo.

La pili ni nikeli katika bizimu na mapambo. Mtu mwenye mzio wa nikeli huota wekundu na muwasho mahali hasa palipoguswa na chuma. La tatu ni rangi. Baadhi ya rangi za jamii ya azo huachilia kemikali zinazohusishwa na saratani, na Ulaya imeziwekea kikomo cha miligramu 30 kwa kilo.

La nne ni dawa ya kuzuia ukungu iitwayo dimethili fumarati, iliyokuwa ikiwekwa katika vifuko vidogo ndani ya maboksi. Watu katika nchi kadhaa za Ulaya waliungua ngozi baada ya kutumia viti na viatu vilivyohifadhiwa kwa dawa hiyo, na Mei 2009 Umoja wa Ulaya ukaipiga marufuku katika bidhaa za aina zote. Si kila kifuko ni hatari. Vingi huwa na chembechembe za kufyonza unyevu tu. Hata hivyo, kifuko kisicho na maandishi yoyote chenye harufu kali ni sababu ya kutosha ya kurudisha boksi.

Kemikali hizi hazipimiki kwa macho. Hupimwa katika maabara, na KEBS ina maabara za kazi hiyo. Kwa mwenye duka dogo, kinga iliyopo ni kununua kwa muuzaji anayeweza kuonyesha cheti, na kukataa ndara yenye harufu inayochoma pua au inayotoa rangi.

Ukaguzi wa mikono

Kasoro nyingi nyingine hutambuliwa bila mashine. Mfanyabiashara anahitaji kitambaa cheupe, futi ya fundi cherehani, maji kidogo na robo saa.

Anza kwa kuziweka ndara zote mbili juu ya meza iliyonyooka. Ndara inayoyumba ikiwa tupu itamtegua mtu kifundo. Zigeuze uzilinganishe: soli ziwe na unene sawa na mikanda ianzie mahali pamoja.

Kisha kunja sehemu ya vidole mara 20 hivi na utazame ukingo wa soli. Gundi hafifu huachia hapo kwanza. Ingiza ukucha kati ya soli na sehemu ya juu. Ukipita, maji ya mvua nayo yatapita. Vuta kila mkanda kwa nguvu, hasa unaopita kati ya vidole, kwa kuwa ndio unaobeba hatua nzima.

Pitisha kiganja ndani yote ya ndara ukitafuta ncha ya msumari, uzi mgumu au ukingo wa bizimu unaokata. Vuta shanga na vito. Kwa ndara za watoto jambo hili ni la lazima, maana kipande kinachong'oka huishia kinywani na kinaweza kumkaba mtoto.

Lowesha kitambaa cheupe kwa maji yenye chumvi kidogo, mfano wa jasho, ukisugue kwenye mkanda na kwenye soli ya ndani. Kikitoka na rangi, miguu ya mteja itatoka hivyo hivyo. Mwisho, mwaga maji kwenye sakafu ya saruji na ukanyage kwa uangalifu. Soli ya plastiki ngumu isiyo na michoro haifai kwa Ikonge, hata ikiwa nzuri namna gani.

Usisahau kupima ukubwa. Katika vipimo vya Ulaya, namba moja hadi inayofuata hutofautiana kwa theluthi mbili za sentimita, yaani karibu milimita 7. Pima soli ya namba 38 na ya 39 za mtindo mmoja. Zikilingana, kiwanda kimebandika namba bila kupima, nawe utabaki na viatu visivyomtosha mtu.

Ukague pea ngapi?

Kukagua pea moja iliyochaguliwa na muuzaji si ukaguzi. Kiwango cha kimataifa cha ISO 2859-1, kinachotumiwa na wakaguzi wa viwanda, kinatoa hesabu rahisi. Kwa shehena ya pea 91 hadi 150, chagua 20 bila mpangilio, kutoka juu, katikati na chini ya magunia. Kwa kipimo kinachotumiwa sana kwa kasoro kubwa, pea moja mbovu inavumilika. Zikiwa mbili au zaidi, shehena nzima hukataliwa. Kwa pea 151 hadi 280, kagua 32, nayo hukataliwa zikipatikana tatu mbovu.

Kasoro kubwa ni ile inayozuia matumizi, kama soli iliyoachia. Kasoro ya hatari, kama vile msumari uliochomoza, haina kiwango cha kuvumiliwa. Ikipatikana moja, simamisha ununuzi na ukague pea zote.

Aliye na uwezo wa kununua dazeni moja au mbili tu hana haja ya hesabu hiyo, azikague zote. Wafanyabiashara wanaoagiza kwa simu kutoka Nairobi, takriban kilomita 300, wanaweza kuungana na kumtuma mmoja wao Gikomba au Kariokor akague kwa niaba ya wote. Nauli ya mtu mmoja ni hasara ndogo kuliko gunia la viatu visivyouzika.

Stakabadhi na hifadhi

Dai risiti inayotaja jina la muuzaji, mtindo, idadi, namba na tarehe. Weka pea moja ya sampuli iliyokubaliwa, ikiwa na saini za pande zote mbili, mpaka shehena ifike. Piga picha magunia kabla ya kuyafungua. Bila haya, kesi ya kesho itakuwa neno lako dhidi ya neno lake.

Uliza pia ndara zimekaa ghalani muda gani. Soli za poliurethini huoza zenyewe kwa unyevu na joto, hata zisipovaliwa, na huweza kumeguka kama mkate siku ya kwanza ya kuvaliwa. Bonyeza soli kwa kidole gumba. Ikipasuka au ikinata, imekwisha. Dukani, weka viatu juu ya rafu mbali na ukuta unaotoa maji, na uuze vya zamani kwanza.

Kasoro ikijitokeza

Mteja akirudi na ndara iliyoachia au mguu uliovimba, mpokee kwa heshima, andika tarehe na kasoro, na uondoe pea zote za mtindo huo rafuni mpaka ujue chanzo. Kumuuzia mwingine kitu unachojua ni kibovu si biashara tena.

Mjulishe muuzaji wa jumla kwa maandishi mara moja. Bidhaa inayotiliwa shaka yaweza kuripotiwa kwa KEBS kupitia simu ya bure 1545. Akikataa kurudisha fedha, Mahakama ya Madai Madogo, iliyoundwa kwa sheria ya 2016, husikiliza madai yasiyozidi Sh1 milioni na hutakiwa kuamua katika siku 60, pasi na ulazima wa wakili.

Soko dogo lina faida moja ambayo mji mkubwa hauna: muuzaji na mnunuzi hukutana tena. Aliyeuza ndara njema ataulizwa alikozitoa. Aliyeuza mbovu atakutana na mteja wake njiani, akitembea peku na kiatu mkononi.