Nionyeshe Ulivyocheza

Mwanzoni mwa miaka ya 1980, kampuni ya Activision ya Marekani ilitoa ahadi kwa wanunuzi wa gemu zake za Atari 2600. Ukifikisha pointi zilizotajwa, piga picha televisheni yako, itie kwenye bahasha, tuma kwa posta. Utaletewa beji ya kitambaa ya kushonea kwenye koti. Kazi hiyo ilikuwa ngumu kuliko inavyosikika. Ukiwasha flashi, kioo kinageuka cheupe tupu. Ukiizima, mkono ukitikisika kidogo tu tarakimu hazisomeki. Na hujui picha imetokaje mpaka filamu isafishwe.

Siku hizi historia ya kurekodi gemu husimuliwa kama historia ya burudani: YouTube, umaarufu, mamilioni ya watazamaji. Mimi naona burudani ilikuja baadaye sana. Kilichotangulia ni ubishi. Kijana anadai amefikisha pointi elfu kadhaa, wenzake wanamcheka na kumuuliza nani alimwona. Picha ilipigwa ili kuwanyamazisha.

Ubishi mmoja wa zama zile uliishi miaka 35. Dragster, gemu aliyoiandika David Crane mwaka 1980, ni ya sekunde chache tu: unakanyaga mafuta, unabadili gia, na ukizidisha injini inalipuka. Mwaka 1982 Todd Rogers alitambuliwa kuwa amemaliza kwa sekunde 5.51. Hakuna mwingine aliyefika hapo. Mwaka 2017 mchezaji mwingine, Eric Koziel, aliifungua programu ya gemu hiyo, akaichambua hatua kwa hatua, na hesabu ikamwambia kwamba muda mfupi kabisa unaowezekana ni sekunde 5.57. Januari 2018 Twin Galaxies, taasisi inayotunza rekodi za gemu, ikafuta alama zote za Rogers. Mwenyewe alikana kudanganya, lakini hapakuwa na mkanda wa kumtetea.

Twin Galaxies ilianza kama ukumbi wa gemu. Walter Day aliufungua katika mji wa Ottumwa, jimbo la Iowa, Novemba 1981, na miezi michache baadaye akaanza kutunza daftari la alama za juu za nchi nzima. Deki za video zilipoenea majumbani, mchezaji aliweza kutuma mkanda wa VHS, na refa akakaa kuutazama toka mwanzo hadi mwisho. Donkey Kong ya pointi milioni moja huchukua zaidi ya saa mbili. Kazi hiyo ya refa sijui nani angeililia.

Mkanda ninaoupenda kuliko yote ni wa Steve Wiebe, mwalimu wa sayansi kutoka jimbo la Washington, unaoonekana katika filamu ya hali halisi ya mwaka 2007, The King of Kong. Wiebe yuko gereji kwake, kamera nyuma yake, anakaribia pointi milioni moja. Mtoto wake mdogo anasikika akimpigia kelele baba aje amtawaze. Baba haendi. Anamsihi mtoto avumilie, mkono hauachi kijiti cha kuchezea. Alama zikapita milioni, mtoto akibubujika machozi. Kama ni ushahidi kwamba mchezo ulikuwa wa kweli, mimi nisingehitaji mwingine. Lakini waliokuwa na mashaka hawakuuliza kuhusu mkanda. Waliuliza kuhusu bodi ya umeme iliyokuwa ndani ya mashine, kwa kuwa kamera ilionyesha kioo tu.

Kwa upande wa kompyuta mambo yalikuwa tofauti kabisa, na hapa ndipo kuna ufundi ulionifanya niandike makala hii. Doom ilitoka tarehe 10 Desemba 1993, kazi ya id Software ya Texas. Kompyuta ya nyumbani ya wakati huo ilikuwa ikihema kuiendesha gemu yenyewe. Kuirekodi video papo hapo haikuwezekana. Waandishi wa Doom wakapitia mlango mwingine. Kabla ya kuanza, uliandika jina la programu, kisha -record na jina la faili. Ukimaliza ulikuta faili lenye kiambishi .lmp, dogo ajabu.

Ndani ya faili hilo hamna picha hata moja. Doom hugawa kila sekunde vipande 35, na kwa kila kipande faili huandika baiti 4: umekwenda mbele au nyuma kiasi gani, umesogea pembeni kiasi gani, umegeuka kiasi gani, na kama umebonyeza kitufe cha kufyatua au cha kufungua mlango. Basi. Sekunde moja ni baiti 140, dakika nzima haifiki kilobaiti 9. Disketi ya megabaiti 1.44 ingebeba karibu saa tatu za mchezo, wakati picha moja ya simu ya leo isingeenea humo.

Ukilifungua faili, Doom haikuonyeshi kilichopita. Inaanza mchezo upya na kubonyeza vitufe kwa niaba yako. Utauliza: na yale mazimwi, mbona safari hii yasiamue kukimbilia upande mwingine? Ni kwa sababu bahati ya Doom imeandikwa kabla. Namba zake za kubahatisha hutoka katika orodha ya namba 256, na husomwa kwa mpangilio ule ule kila mara. Vitufe vile vile juu ya orodha ile ile hutoa vifo vile vile, hadi risasi ya mwisho. Jaribu kulifungua faili hilo juu ya ramani iliyobadilishwa hata ukuta mmoja, uone: shujaa anagonga kona, anafyatulia hewa, anahangaika kufungua mlango usiokuwepo, akidhani bado yuko katika nyumba aliyoizoea.

Kwa udogo wake, faili la .lmp lilisafiri hata kwenye laini za simu za kusuasua. Mwaka 1994 lilianzishwa jalada la COMPET-N, ambako wachezaji walituma mafaili yao kushindania nani amemaliza ngazi fulani haraka zaidi. Mshindani hakulazimika kukuamini. Alifungua faili lako kwenye kompyuta yake, akakutazama kwa macho yako mwenyewe, akaiba njia yako ya mkato, kesho yake akakushinda kwa sekunde mbili.

Quake ya mwaka 1996 ilirekodi kwa namna nyingine: faili lilihifadhi kile ambacho seva ilimweleza mchezaji, hivyo kamera iliweza kuhamishwa baadaye na kumtazama mchezaji kutoka nje. Mlango wa filamu ukafunguka. Oktoba mwaka huo kikundi cha The Rangers kilitoa Diary of a Camper, kisa kifupi kilichoigizwa chote ndani ya Quake, na mwaka uliofuata wakaja Quake done Quick, waliomaliza gemu nzima katika kiwango chake kigumu kabisa kwa dakika 19 na sekunde 49.

Lakini rekodi za gemu nazo ziliweza kupotosha. Mwaka 2003 ilisambaa video ya Mjapani aliyejiita Morimoto akimaliza Super Mario Bros. 3 kwa dakika 11 hivi, akiruka juu ya risasi na makasa kama mtu asiye na mifupa. Wengi walishangilia kipaji. Kumbe kazi ilifanyika kwenye emuleta, programu ya kompyuta inayoiga mashine ya gemu, kwa mwendo wa polepole, akirudia kila kosa mpaka akapata vitufe alivyovitaka. Mwenyewe hakuwa ameficha. Video ndiyo iliyosafiri bila maelezo yake.

Kurekodi picha halisi ya kioo kulirahisishwa na programu ya Fraps, iliyotoka mwaka 1999. Toleo la bure lilikukatia sekunde 30 tu na kugonga jina lake juu ya picha. Aliyelipa alirekodi atakavyo, ila diski ilijaa upesi, kwa sababu Fraps haikuwa na muda wa kubana picha vizuri huku kompyuta ikiendesha gemu. YouTube ilipokuja mwaka 2005, na mwaka uliofuata kuweka kikomo cha dakika 10 kwa video za watu wa kawaida, gemu moja ilikatwakatwa vipande arobaini au hamsini. Watu walivitazama vyote.

Hapo ndipo sauti ilipoingia. Michael Sawyer, anayejulikana kama slowbeef, hutajwa kuwa miongoni mwa wa kwanza kurekodi gemu huku akiizungumzia, mnamo 2007. Wazungu waliona jambo jipya. Aliyekulia vibanda umiza vya Dar es Salaam akimsikiliza Lufufu akisimulia filamu za kigeni, au Nairobi akimsikiliza DJ Afro, hakuwa na cha kushangaa: alijua siku nyingi kwamba mtu huenda kumsikia msimuliaji, filamu ikawa kisingizio. Kufikia Agosti 2013, Msweden Felix Kjellberg, PewDiePie, aliyejipatia jina kwa kupiga mayowe mbele ya gemu za kutisha, alikuwa na wafuasi wengi kuliko mtu yeyote YouTube. Mwaka huo huo Nintendo ilianza kudai mapato ya matangazo kwenye video za gemu zake, kana kwamba mwenye mpira ndiye mwenye goli, na ikaendelea na masharti ya namna hiyo hadi 2018. Twitch, tovuti ya kutazama gemu mubashara iliyochipuka kutoka Justin.tv mwaka 2011, ilinunuliwa na Amazon mwaka 2014 kwa dola milioni 970.

Badiliko kubwa zaidi kwangu ni dogo kwa sura. Hadi 2012, kwa kawaida mtu aliamua kwanza kurekodi ndipo akacheza. Mwaka 2013 Nvidia ilileta ShadowPlay, iliyotumia sehemu maalumu ya kadi ya picha kubana video bila kuisumbua gemu, na kuhifadhi hadi dakika 20 zilizopita. Novemba mwaka huo PlayStation 4 ilikuja na kitufe cha Share kwenye pedi yenyewe, nayo ikiweka dakika 15 za nyuma. Unafunga goli la ajabu, ndipo unabonyeza kulihifadhi. Nawafikiria vijana wa vibanda vya PlayStation vya mitaani kwetu, waliolipia kwa mechi au kwa nusu saa. Magoli yao hayamo popote isipokuwa midomoni mwa waliokuwa kwenye benchi wakingoja zamu.

Kadiri video zilivyojaa, ndivyo wenye mashaka walivyopata pa kuchimba. Mwaka 2018 mikanda ya Donkey Kong ya Billy Mitchell, bingwa wa miaka mingi, ilikaguliwa picha moja moja. Walichokitazama ni sehemu ya sekunde, pale ngazi moja inapokwisha na nyingine kuchorwa. Mashine ya asili huifungua picha kama mlango wa kusukuma pembeni. Emuleta ya MAME huitoa vipande vipande. Twin Galaxies ilihitimisha kwamba mikanda haikutoka kwenye mashine ya asili, ikafuta alama zake. Mitchell alikana. Guinness ilimrudishia rekodi zake mwaka 2020, na kesi yake na Twin Galaxies ikamalizwa kwa makubaliano Januari 2024, alama zikirudishwa kwenye kumbukumbu za kihistoria.

Kisa cha Dream, mwana-YouTube wa Minecraft, kilifika mbali zaidi. Mwaka 2020 alikuwa akishindania kuimaliza Minecraft haraka, mubashara, mbele ya maelfu ya watu. Waamuzi wakazirudia video zake za matangazo sita na kuhesabu. Alitoa dhahabu mara 262 kwa viumbe wa gemu, na mara 42 akapewa lulu anazohitaji kila mshindani. Kwa kanuni za gemu zilitarajiwa mara 12 hivi. Aliua viumbe wa moto 305, wakaangusha fimbo mara 211, wakati ilitarajiwa nusu tu. Ripoti yao ya Desemba ilikadiria uwezekano kuwa 1 kati ya trilioni 7.5. Mei 2021 Dream alikubali kwamba gemu yake ilikuwa na programu iliyobadilisha bahati, akisema wakati akicheza hakujua imo. Waamuzi hawakuwahi kuigusa kompyuta yake. Video zote walizozihesabu alizirusha mwenyewe, na mashindano ya Minecraft siku hizi huwataka walio juu waambatanishe na video faili la dunia waliyoichezea.