Ababari wa Ugusii na Mipaka ya Neno "Mwanazuoni"

Utangulizi

Neno mwanazuoni lina historia inayostahili kuchunguzwa kabla ya kutumiwa kama kipimo cha elimu. Katika Kiswahili cha kale chuo kilikuwa kitabu, na zuo ni wingi wake katika lahaja za kaskazini mwa pwani. Mwanazuoni, kwa hiyo, ni mwana wa vitabu. Maana hiyo iliafiki mazingira ya Lamu na Mombasa, ambako mwanafunzi aliketi mbele ya sheikh, akasoma kitabu hadi mwisho, na akapewa ijaza iliyomwunganisha na silsila ya walimu waliotangulia. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba kipimo hicho, kikipelekwa bara bila kuhakikiwa, huwaficha wataalamu ambao elimu yao haikupitia kitabuni. Mfano unaojadiliwa ni ababari, yaani wapasuaji wa fuvu wa Abagusii, ambao nchi yao leo ni kaunti za Kisii na Nyamira.

Taaluma ya ababari

Omobari (wingi, ababari) alimshughulikia mtu aliyeumia kichwa, hasa yule ambaye maumivu yalimwandama kwa muda mrefu baada ya pigo. Ngozi ya kichwa ilipasuliwa, mfupa ukafunuliwa, kisha ukakwanguliwa au kukatwa kidogo kidogo hadi sehemu iliyodhaniwa kuwa na hitilafu ikaondoka. Dawa za mimea zilitumika katika kutunza jeraha. Hatari kuu ilikuwa kuutoboa utando unaofunika ubongo. Kujua mahali pa kukoma ndiko kulikomtofautisha omobari na mtu yeyote mwenye kisu kikali. Ujuzi huo aghalabu ulirithishwa ndani ya familia: kijana alitazama, akasaidia, na baada ya muda akaaminiwa kushika chombo mwenyewe. Kwa hakika, hapa pana mambo yote ambayo ijaza ya pwani iliyathibitisha: mwalimu anayejulikana, mafunzo ya hatua kwa hatua, na idhini. Kinachokosekana ni karatasi.

Ni muhimu kutowachanganya ababari na wataalamu wengine wa jamii hiyo. Omoragori alipiga ramli ili kueleza chanzo cha masaibu. Sakawa alikuwa nabii, na utabiri wake kuhusu Getembe, mahali ulipokuja kujengwa mji wa Kisii, husimuliwa hadi leo. Moraa Ng'iti anakumbukwa kwa kumhimiza Otenyo, aliyemchoma mkuki afisa wa Kiingereza Geoffrey Northcote mwaka 1908. Elimu ya Sakawa na ya Moraa ilidhihirika katika maneno, na maneno hayo yakawa visa vinavyoweza kukusanywa na kufundishwa. Elimu ya omobari ilikaa mkononi. Ndiyo sababu wahakiki wamepata la kusema kuhusu nabii, wakampita mpasuaji kimya kimya.

Uhakiki na elimu ya mkono

Katika makala yake ya mwaka 1989 kuhusu tanzu za fasihi simulizi, M. M. Mulokozi aliisisitiza fasihi hiyo kuwa tukio lenye fanani, hadhira, mahali na wakati. Mtazamo huo uliwaondoa wahakiki katika mazoea ya kuitazama fasihi simulizi kama maandishi ambayo bado hayajaandikwa. Hata hivyo, tukio la omobari linauwekea mtazamo huo mtihani, kwa kuwa yaliyofundishwa hayakukusudiwa hadhira pana, na sehemu yake kubwa haikuwa ya kutamkwa. Haidaiwi hapa kwamba upasuaji ni fasihi. Linalodaiwa ni kwamba historia ya elimu katika Afrika Mashariki, ikiandikwa kwa kufuata yaliyotamkwa na yaliyoandikwa tu, itakuwa historia ya nusu ya wanazuoni.

Kimya hicho kilijazwa na wengine. Mwaka 1958 daktari J. G. R. Grounds alichapisha taarifa kuhusu upasuaji wa fuvu miongoni mwa Wakisii katika jarida la kitabibu la Afrika Mashariki. Mwaka 1967 Edward L. Margetts, mtaalamu wa maradhi ya akili aliyewahi kufanya kazi katika Hospitali ya Mathari, Nairobi, aliandika sura ndefu juu ya jambo hilohilo. Kazi hizo zina thamani, kwani bila hizo mengi yasingejulikana nje ya Ugusii. Lakini mhakiki anapaswa kuzisoma kama matini. Sura ya Margetts inatangaza katika anwani yake kwamba inahusu utendaji wa wakati uliopo, ilhali inawaita wahusika waganga wa tamaduni za kijima, na imewekwa katika kitabu kuhusu magonjwa ya kale. Hivyo watu waliokuwa hai, wenye wagonjwa wakiwasubiri, walihamishiwa enzi za mafuvu yanayochimbuliwa ardhini. Omobari akawa kielelezo cha kutazamwa, na haki ya kuitwa mjuzi ikabaki kwa aliyemtazama.

Hitimisho

Kuwatetea ababari hakuhitaji kuwatukuza. Kazi yao ilikuwa ya hatari, na usiri wa familia, uliolinda ubora wa ujuzi, uliuweka ujuzi huohuo katika hatari ya kuzikwa na mzee mmoja. Hali kadhalika, kuwaita wanazuoni hakupunguzi hadhi ya masheikh wa pwani. Kunalidai neno lenyewe lipanuke, kama lilivyokwisha kupanuka neno chuo. Neno hilo lilitoka kwenye kitabu, likafika kwenye madarasa ya Kurani, na leo, katika umbo la chuo kikuu, limesimama Kisii penyewe tangu mwaka 2013, pale Chuo Kikuu cha Kisii kilipopata hati yake. Kazi iliyo mbele ya wahakiki wa Kiswahili ni kuhakikisha kwamba historia ya elimu inayofundishwa katika vyuo vya namna hiyo haianzii siku kalamu ya kwanza ilipofika milimani.