Gunnar Fischer na Mizani Isiyomfaa

Katika masimulizi mengi ya historia ya filamu, jina la Gunnar Fischer, mpigapicha wa Kiswidi aliyezaliwa Ljungby mwaka 1910, hutajwa kama utangulizi wa jina la mtu mwingine: ndiye aliyeshika kamera ya mwongozaji Ingmar Bergman kabla ya kuja Sven Nykvist, ambaye baadaye alitunukiwa Oscar mara mbili kwa filamu alizopiga na mwongozaji huyohuyo. Mpangilio huo umezaa hukumu kwamba kazi ya Fischer ilikuwa hatua tu ya kuelekea ile ya Nykvist. Makala haya yanaipinga hukumu hiyo kwa hoja kwamba Fischer alirithi desturi nyingine ya upigaji picha, yenye asili yake katika filamu bubu za Uswidi, na kwamba ni kwa vigezo vya desturi hiyo tu ndipo anapoweza kupimwa kwa haki.

Fischer alisomea uchoraji kwa msanii Otte Sköld, kisha katika miaka ya 1930 akaingia kampuni ya Svensk Filmindustri, ambako alijifunza kazi chini ya Julius Jaenzon. Jaenzon ndiye aliyepiga picha za Körkarlen, filamu ya mwaka 1921 iliyoongozwa na Victor Sjöström, ambamo roho za wafu zinaonekana zikipita katikati ya walio hai kwa sababu utepe uleule ulipitishwa kwenye kamera zaidi ya mara moja, kila mara ukinasa taswira mpya juu ya ile ya awali. Kwa wapigapicha wa kizazi hicho, mwanga haukulazimika kufuata jua. Ulitengenezwa kwa taa ili hali ya nafsi, hofu au kumbukumbu ionekane kwa macho.

Urithi huo unadhihirika katika filamu 12 ambazo Fischer alimpigia Bergman, kuanzia Hamnstad ya mwaka 1948 hadi Djävulens öga ya mwaka 1960. Alipenda mwanga mkali, yaani mwanga unaotoka kwenye chanzo kidogo na kutupa kivuli chenye ukingo ulio wazi, na katika filamu nyeusi na nyeupe mwanga wa namna hiyo hutenganisha uso na giza linalouzunguka. Katika Sommaren med Monika (1953), Harriet Andersson anageuza macho na kuitazama lenzi moja kwa moja, jambo ambalo waigizaji walikatazwa kulifanya, na wakati mtazamaji bado amenaswa na macho hayo, mandhari ya nyuma yake yanafifia hadi kuwa giza, ingawa hakuna chochote katika kisa kinachoeleza kufifia huko. Tukio hilo hunasibishwa na ujasiri wa Bergman peke yake, lakini bila mpangilio wa taa lisingekuwepo.

Vivyo hivyo katika Det sjunde inseglet (1957), pale shujaa wa vita vya msalaba anapocheza sataranji na Mauti ufukweni, nyuso zote mbili zimeangazwa kwa nguvu ingawa wawili hao wanatazamana, kana kwamba mbingu ina majua mawili. Anayedai uhalisia ataliita hilo kosa, ilhali Mauti akishakubaliwa kuketi ufukweni, hakuna sababu ya kulidai jua litii kanuni ambayo kisa chenyewe kimekwisha kuivunja.

Ushahidi mzito kuliko wote umo katika Smultronstället, iliyotoka mwaka huohuo. Profesa mzee Isak Borg anaota anapita katika mtaa mtupu ambamo saa haina mishale, na jeneza linaloanguka kutoka kwenye gari la maiti linambeba yeye mwenyewe. Fischer aliuacha weupe uzidi kiasi hata kuta zinakaribia kupoteza umbo, na vivuli akaviacha viwe vyeusi pasipo kijivu cha kuviunganisha na weupe huo. Mwigizaji wa Borg ni Victor Sjöström, mwongozaji yuleyule wa Körkarlen, wakati huo akikaribia umri wa miaka 78. Kwa hiyo mwanafunzi wa Jaenzon alikuwa akimwangaza mtu ambaye Jaenzon alimpigia filamu miaka 36 kabla. Ni vigumu kupata katika sinema mfano ulio wazi zaidi wa desturi inayopokezanwa, na inasikitisha kwamba wachambuzi wengi huizungumzia ndoto hiyo bila kumtaja aliyeipiga.

Nykvist alikwenda njia nyingine. Alipojiandaa kupiga Nattvardsgästerna (1963), yeye na Bergman walikaa kanisani wakichunguza jinsi mwanga wa mchana unavyobadilika, kisha wakatafuta mwanga laini, yaani uliosambazwa hadi kivuli kikakosa ukingo. Matokeo yake ni ya ajabu na heshima aliyopewa Nykvist ni halali, lakini mwanga unaochunguza kilichopo hauwezi kuwa ukamilifu wa mwanga unaoumba kisichokuwepo.

Wala Fischer hakuwa mali ya Bergman peke yake. Alimpigia Carl Dreyer filamu ya Två människor (1945), na baadaye alishiriki katika Parade (1974), kazi ya Jacques Tati iliyotengenezwa kwa ajili ya televisheni ya Uswidi. Alifariki Juni 2011, akiwa na umri wa miaka 100.

Walimu wa sinema wanaombwa wawaonyeshe wanafunzi wao Körkarlen kwanza, kisha Smultronstället, na ndipo Nattvardsgästerna, na katika kila moja wamtaje mpigapicha kabla ya mwongozaji.