Funguo za John Hope Franklin

Wasee, kila nikiposti kuhusu ubaguzi wa rangi Marekani, lazima mtu aniambie, "Hiyo ni stori ya kitambo, songa mbele." Sawa. Basi leo wacha niwape stori ya kitambo.

John Hope Franklin alikuwa mwanahistoria, mzaliwa wa Oklahoma, 1915. Mwaka wa 1939, akiwa mwanafunzi wa uzamifu Harvard, alienda Raleigh, North Carolina, kusoma nyaraka za jimbo. Mkurugenzi akamweleza kwamba waliochora lile jengo hawakuwahi kuwaza mtafiti mweusi angekuja. Hakukuwa na pa kumkalisha. Arudi baada ya wiki. Franklin akasimama tu pale, kimya. Wiki ikageuka siku chache, akatengewa chumba chake peke yake.

Sasa skiza hii. Alipewa pia funguo za stoo ya nyaraka. Kwa nini? Wahudumu walikuwa wazungu, na mkurugenzi aliona huenda wakakataa kumhudumia mtu mweusi. Basi ajichukulie mwenyewe. Baada ya wiki mbili hivi, watafiti wazungu wakaanza kulalamika ati wanabaguliwa! Wao wanangoja kuletewa, huyu anaingia na kutoka anavyotaka. Funguo zikarudishwa, wahudumu wakaamriwa wamhudumie kama wengine.

Manze, nilicheka. Halafu nikafikiria tena. Hakuna mtu aliyemtukana Franklin hapo. Ubaguzi ulikuwa tayari kwenye ramani ya jengo, kabla hata hajafika. Na sheria ilibadilika siku ile wazungu walipoona wao ndio wanaumia. Hiyo ndiyo sehemu watu hukosa kuelewa: wanatafuta mtu mwenye hasira, wakikosa wanasema hakuna ubaguzi.

Na alikuwa anatafuta nini humo ndani? Maisha ya watu weusi ambao hawakuwa watumwa. Kufikia 1860, North Carolina ilikuwa na zaidi ya 30,000. Huru kwa jina, lakini mwaka wa 1835 jimbo lilibadilisha katiba likawanyang'anya kura. Kitabu chake kuwahusu kilitoka 1943. Mwaka wa 1947 akatoa From Slavery to Freedom, historia ya watu weusi wa Marekani ambayo inasomwa mpaka leo. Baadaye akawasaidia mawakili wa Thurgood Marshall na utafiti wa kesi ya shule, na 1954 Mahakama ya Juu ikasema kutenganisha wanafunzi kwa rangi ni kinyume cha katiba.

Ukidhani stori imeishia hapo, bado. Mwaka wa 1995, akiwa na miaka 80, alialika marafiki kwa chakula cha jioni kwenye klabu moja Washington ambayo yeye mwenyewe alikuwa mwanachama. Kesho yake Rais Clinton angemvisha nishani ya juu kabisa ya raia. Mama mmoja mzungu akamkabidhi tikiti, akamwambia amletee koti lake. Franklin akamjibu kwa upole kwamba wahudumu wa klabu wamevaa sare, awaulize wao.

Kwa hivyo wewe wa "stori ya kitambo", piga hesabu. 1995 wazazi wetu walikuwa vijana kama sisi.