Mtu Aliyeifungua Kamera

Leo twawapa habari za Karl Freund, mpiga picha za sinema, aliyezaliwa Bohemia mwaka 1890 akakulia Berlin, mji mkuu wa Ujerumani.

Siku zile sinema haikuwa na sauti. Kamera husimama juu ya miguu yake mitatu, na maneno ya wachezaji huandikwa kwenye pazia. Asiyejua kusoma hukosa nusu ya hadithi.

Mwaka 1924 Freund alipiga picha ya Der letzte Mann, chini ya F. W. Murnau. Ni habari za bawabu mzee wa hoteli aliyevuliwa koti lake la fahari, akapelekwa chooni kuwashikia wageni taulo. Bawabu alewapo arusini, Freund (naye alikuwa mtu mnene!) alijifunga kamera kifuani na betri mgongoni, akapepesuka chumbani. Basi watazamaji wakaiona dunia kama mlevi aionavyo, bila kusomewa neno.

Mwaka 1929 alihamia Marekani. Huko alipata tuzo ya Oscar kwa The Good Earth ya mwaka 1937. Lakini sisi twampenda zaidi bawabu yule. Alifariki mwaka 1969.