Maridhiano ya Maskini Wawili: Fidia ya Majeruhi wa Ajali za Barabarani Bukoba na Muleba

Barabara itokayo Bukoba kupitia Kemondo na Muhutwe hadi Muleba, kisha Biharamulo, inapitisha mabasi ya Mwanza, malori yaliyoingilia mpaka wa Mutukula, na bodaboda zilizopakia abiria pamoja na mikungu ya ndizi. Ajali ikitokea, majeruhi hukimbizwa hospitali za Rubya, Ndolage, Kagondo au ya rufaa ya mkoa. Akizidiwa, hupelekwa Bugando, Mwanza. Familia hutafuta fomu ya polisi ya PF3, kisha fedha ya matibabu. Suala la fidia huahirishwa, na likishaahirishwa mara nyingi huwa limekufa.

Si kwamba sheria imemsahau majeruhi. Sheria ya Bima ya Vyombo vya Moto, Sura ya 169, yenye asili yake mwaka 1945, inakataza chombo kutembea barabarani bila bima ya madhara kwa mtu wa tatu, ile tunayoiita bima ndogo. Kifungu cha 10 kinaitaka kampuni ya bima ilipe hukumu iliyotolewa dhidi ya mteja wake. Lakini ili hukumu ipatikane, majeruhi sharti amshtaki dereva au mmiliki na kuthibitisha uzembe, tena kampuni ipewe taarifa ya kesi kabla haijafunguliwa au muda mfupi baada ya kufunguliwa. Taarifa isipotolewa, kampuni ina mlango wa kutokea. Madai yenyewe hukoma baada ya miaka 3. Zipo kampuni zinazokubali kulipa bila kesi, ila mdai asiyeweza kufika mahakamani hana nguvu mezani.

Hapo ndipo watu humalizana. Ndugu wa dereva hufika wodini na sabuni, sukari na pole. Mazungumzo huhamia kwa mwenyekiti wa kitongoji. Karatasi huandikwa kwamba dereva atalipia matibabu na kuongeza kiasi fulani, na kwamba mgonjwa hana madai tena. Siyabezi maridhiano haya. Kupatana kuna heshima yake Buhaya, na kijana wa bodaboda anayepeleka hesabu kwa tajiri kila jioni huenda ni fukara kuliko majeruhi wake. Ubaya wake ni kwamba yanawakutanisha maskini wawili wagawane hasara, huku kampuni iliyokwisha kupokea ada ili ibebe hasara hiyohiyo ikiwa haina hata habari.

Gharama inayobaki huangukia kibanja, yaani shamba la familia. Migomba iliyomo ni chakula, kahawa ni ada ya shule, na wazee wa ukoo wamezikwa humo. Kipande kikiuzwa kulipia upasuaji, wajukuu ndio wanaolipia uzembe wa dereva. Na hata kesi ikifika mahakamani, mkulima aliyejeruhiwa ataulizwa kipato chake kwa mwezi. Stakabadhi za kahawa kutoka chama cha msingi kilicho chini ya chama kikuu cha ushirika, KCU, zitamsaidia kiasi, lakini hazisemi lolote kuhusu ndizi zilizoliwa nyumbani, wala palizi ambayo sasa analipa kibarua amfanyie. Mwalimu aliyegongwa akiwa kazini katika barabara hiyohiyo atafidiwa na Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, chini ya sheria ya mwaka 2008, bila kuthibitisha uzembe wa yeyote. Sioni sababu ya haki inayomfanya mama aliyekuwa akipeleka ndizi sokoni apewe mzigo mzito kuliko huo.

Ninachodai ni kwamba mzigo wa kufuatilia umtoke majeruhi. Namba ya usajili ikiingizwa katika mfumo wa Mamlaka ya Usimamizi wa Bima, TIRA, bima ya chombo huonekana papo hapo. Basi sheria imtake askari anayefungua jalada la ajali aitaarifu kampuni siku hizohizo, na ampe mgonjwa au ndugu yake ukurasa mmoja wa Kiswahili wenye jina la kampuni, namba ya bima na ukomo wa miaka 3. Malori ya nje yahusishwe vivyo hivyo kupitia Kadi ya Njano ya COMESA, bima ya vyombo vinavyovuka mipaka. Na karatasi ya kumalizana isizuie madai dhidi ya bima mpaka hakimu aipitie.

Wanabaki waliogongwa na chombo kisicho na bima, au kilichokimbia. Afrika Kusini na Namibia huwafidia majeruhi kupitia mifuko inayopata fedha kutokana na tozo ya mafuta. Sisi pia tuna tozo ya mafuta, ila inakwenda Mfuko wa Barabara. Atakayenipinga atataja madeni makubwa ya mfuko wa Afrika Kusini, na ana hoja. Ndiyo maana mfuko wetu, tukiuanzisha, ungeanza kwa matibabu na kiwango maalumu cha ulemavu na kifo, bila kushindania mamilioni ya kipato kilichopotea. Sehemu ndogo ya tozo iliyopo ingetosha kuanzia, na wa kwanza kulipwa iwe hospitali iliyompokea majeruhi, ili ndugu wasilazimike kutafuta mnunuzi wa kibanja mgonjwa akiwa bado wodini.